Nyumba Iliyowekwa Rehani

Wapo ndugu zetu wa Kenya waliokopa benki na kuweka nyumba zao rehani. Biashara ikienda kombo, barua za benki hutiwa kabatini bila kufunguliwa, na mke haambiwi neno. Twaona jambo hili lina hatari kupita deni lenyewe, kwa sababu himaya ambayo sheria imempa mdaiwa imefungamana na tarehe za barua hizo hizo.

Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 hairuhusu benki kuiuza nyumba ya mtu ghafula. Kwanza ni lazima upite mwezi mzima naye hajalipa. Kisha benki humwandikia, ikamweleza kosa lake na kiasi anachotakiwa kulipa, na ikampa muda usiopungua miezi 3. Tena barua hiyo haina budi kumjulisha kuwa anayo haki ya kwenda mahakamani. Muda huo ukiisha, hutolewa ilani ya pili, ya kuuza, nayo ni ya siku 40. Dalali wa mnada naye ana ilani yake, siku 45. Na maadamu nyumba haijauzwa, mdaiwa aweza kulipa akaikomboa. Sisi Waislamu amri ya kumpa muhula mdaiwa mwenye dhiki twaijua tangu chuoni. Ajabu ni kwamba muhula tumewekewa hata na serikali, nasi twaupoteza kwa kuona haya.

Enyi kina mama, nanyi lenu mnalo. Nyumba iliyo makao ya mume na mke haiwekwi rehani ikasihi, ila wote wawili watie sahihi, au uwepo ushahidi kwamba yule mwingine ameridhia. Na aliyeridhia hupelekewa nakala ya ilani ya kuuza. Basi bibi asitie sahihi karatasi asiyosomewa, eti kwa kuwa bwana ana haraka na gari la benki linangoja.

Wala benki haina ruhusa ya kuitupa nyumba kwa bei yoyote. Yapasa kwanza aitwe mthamini, kisha itafutwe bei bora iwezekanayo kupatikana. Na mdaiwa akiona ameuziwa kwa bei ya kutupa, mlango wa mahakama u wazi.

Riba nayo ina kikomo. (Ubaya wake una mahali pake, hatuuingii leo.) Tangu 2007 Sheria ya Mabenki yasema kwamba mkopo ukisha kukwama, riba itakayodaiwa isizidi salio lililokuwapo siku ulipokwama. Salio likiwa shilingi 400,000, riba haivuki 400,000 nyingine, mbali na gharama za kudai. Aliyeletewa hesabu ya milioni 2 kwa salio kama hilo na aiandikie benki kuiuliza imefikaje huko, na nakala ya barua yake aiweke.