Mkopo wa Nyumba: Tupige Hesabu Kwanza

Apitaye Njiro, hapa Arusha, huziona nyumba mpya zikizidi kuchomoza. Kumiliki nyumba ni heshima ya kila mfanyakazi. Tangu ilipopitishwa sheria ya mikopo ya rehani ya mwaka 2008, benki kadhaa zimeingia katika shughuli iliyozorota baada ya Benki ya Nyumba kufungwa mwaka 1995. Hilo ni jambo jema.

Hata hivyo, hatuna budi kutahadharisha. Aendaye kukopa huuliza: "Kwa mwezi nitakatwa kiasi gani?" Swali hilo halitoshi. Tuchukue mkopo wa shilingi milioni 100, kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, unaolipwa kwa miaka 20. Makato ya mwezi ni kama shilingi 1,317,000. Hadi mwisho mkopaji atakuwa ametoa shilingi milioni 316. Tena, baada ya miaka 5 atakuwa amekwisha kulipa milioni 79, na bado atadaiwa milioni 94. Maana mwanzoni karibu makato yote humezwa na riba.

Mkopo huo huo ukilipwa kwa miaka 15, makato ya mwezi huongezeka kwa shilingi 83,000 tu, lakini milioni 64 huokolewa.

Tunazitaka benki ziandike jumla hiyo katika ukurasa wa kwanza wa mkataba, tena kwa Kiswahili. Naye mwananchi asitie sahihi kabla ya kuiona. Wahenga hawakukosea: kukopa harusi, kulipa matanga.