Kiti cha Msemaji ni Dhamana

Wapo watakaoshangaa kuona ukurasa huu ukimjadili mtu aliyepata riziki yake kwa kuwachekesha Wamarekani kwenye televisheni saa tano na nusu za usiku. Lakini mtu anayepewa nafasi ya kusema na mamilioni ya watu ana madaraka, hata kama hakupigiwa kura wala kuapishwa. Yafaa basi tuyapime madaraka hayo.

Johnny Carson alizaliwa mwaka 1925 katika jimbo la Iowa, akakulia Nebraska, akatumikia jeshi la wanamaji katika Vita Kuu ya Pili ya Dunia, na kumaliza Chuo Kikuu cha Nebraska mwaka 1949. Tarehe 1 Oktoba, 1962, alikabidhiwa kipindi cha The Tonight Show cha shirika la NBC, na hakukiacha mpaka tarehe 22 Mei, 1992. Katika miaka hiyo 30 Marekani ilitawaliwa na marais saba. Mwenye kiti cha usiku alikuwa yule yule mmoja. Alifariki dunia mwaka 2005.

Nguvu ya kiti hicho ilidhihirika Desemba 1973. Mbunge mmoja wa Wisconsin alikuwa ameonya kwamba huenda karatasi za chooni zikaadimika. Carson akalifanyia mzaha jambo hilo katika kipindi chake. Wananchi, ambao tayari walikuwa wametiwa hofu na upungufu wa mafuta, wakakimbilia madukani na kununua kupita mahitaji yao. Rafu zikabaki tupu, na uhaba ambao haukuwako ukawako kweli! Ikambidi Carson arudi hewani kukanusha. Hakuwa mlanguzi, wala hakukusudia ubaya. Hata hivyo, neno lililotoka kwenye kiti kile halikuwa tena neno la mtu binafsi.

Je, madaraka hayo aliyatumia kwa lipi? Haki inatutaka tuseme kwamba aliwatania wakubwa wa serikali bila woga. Lakini alikataa kwa makusudi kukigeuza kipindi chake kuwa mahali pa kujadili mambo mazito ya taifa, akishikilia kwamba kazi yake ni kuburudisha. Msimamo huo una heshima yake, maana mchekeshaji anayejifanya mwalimu wa kila jambo ni hatari. Lakini tusisahau kwamba msimamo huo uliwafaa pia wenye mali. Kipindi kiliishi kwa matangazo ya biashara, na mfanyabiashara hapendi mteja wake aende kulala na dhamiri inayomsumbua.

Kwamba kiti kile kingeweza kufanya zaidi, tunao ushahidi. Februari 1968 Carson alimwachia nafasi yake kwa juma zima mwimbaji Harry Belafonte, mtu mweusi na mpigania haki, ambaye miaka mitatu kabla yake alikuwa ameimba "Malaika", kwa Kiswahili, pamoja na Miriam Makeba. Belafonte aliwaalika Martin Luther King na Robert Kennedy, wakazungumza na taifa juu ya umaskini, ubaguzi na vita. King aliuawa tarehe 4 Aprili mwaka huo huo. Kennedy alifariki kwa risasi tarehe 6 Juni.

Leo mwalimu anayetaka kuwaonyesha wanafunzi wake juma lile atapata vipande vichache tu. Kanda za video zilikuwa ghali, na shirika lilizifuta ili lizitumie tena. Sehemu kubwa ya vipindi vya miaka kumi ya kwanza ya Carson ilipotea kwa njia hiyo. Nchi tajiri kuliko zote duniani ilifuta kumbukumbu zake ili kuokoa bei ya kanda!

Hapo ndipo palipo na funzo kwetu. Tanzania Bara ilipata televisheni mwaka 1994, lakini muda mrefu kabla ya hapo sauti za viongozi, wakulima, walimu na wanamuziki wetu zilikuwa zikihifadhiwa katika kanda za Radio Tanzania Dar es Salaam. Mtumishi wa umma anayeachia kanda zioze, au anayechoma majalada ya ofisi kwa sababu kabati limejaa, hana haki ya kumcheka Mmarekani. Kumbukumbu ni mali ya umma kama ilivyo barabara au kisima, na hesabu yake ifanywe hivyo hivyo katika bajeti.

Na kwa kila anayesimama mbele ya watu, awe mtangazaji studioni, mwalimu darasani au ofisa mkutanoni, kiti alichokalia ni dhamana. Aseme kweli, apime mzaha wake, wala asikae kimya kwa kuogopa kumuudhi mwenye fedha. Ipo siku atainuka na mwingine atakaa. Litakaloulizwa ni nini alichosema alipokuwa amekikalia.