Mkulima asiadhibiwe kwa kuvuna sana

Kila msimu wakulima wa Mbeya na Iringa huhimizwa walime zaidi. Wanalima. Mvua ikikubali na mbolea ikiwahi, mahindi hujaa kuanzia Mbeya Vijijini hadi Mufindi. Kisha bei inaporomoka, na mwenye mzigo ndiye anayembembeleza mnunuzi.

Tusisingizie wingi wa mavuno peke yake. Juni 2017 Serikali ilizuia mahindi kwenda nje ya nchi kwa kuhofia njaa. Mavuno yalipoingia sokoni, njia ya nje ilikuwa imefungwa na bei ikaanguka. Zuio lilipokuja kuondolewa, wengi walikuwa wameshauza kwa bei ya kutupa. Machi 2021 pigo lilitoka upande wa pili: Kenya ilisimamisha mahindi ya Tanzania na Uganda kwa sababu ya sumukuvu, kabla ya kuyaruhusu tena kwa masharti.

Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula (NFRA) hununua, lakini hauwezi kununua yote. Mkulima anayedaiwa ada ya shule na pesa ya pembejeo hana ubavu wa kusubiri. Huuza shambani kwa dalali.

Wa viazi na nyanya ana hali mbaya zaidi, maana mazao yake yanaoza. Nyanya za Ilula haziwekwi ghalani zingoje bei. Viazi navyo hufungwa lumbesa, yaani gunia lililojazwa kupita kipimo, ingawa sheria ya vipimo inataka gunia lisizidi kilo 100. Kinachozidi hapo ni jasho la mkulima lisilolipwa.

Tunasema hivi. NFRA itangaze bei na vituo vya kununulia kabla ya mavuno, na ilipe kwa wakati. Mipaka isifungwe ghafla katikati ya msimu. Mwenye hofu ya njaa anunue akiba mapema. Wakala wa Vipimo upeleke mizani vijijini, usingoje malori barabarani. Halmashauri zinazotoza ushuru wa mazao zirudishe sehemu ya fedha hizo katika maghala na vikaushio.

Wakulima nao wakaushe mahindi vizuri na wauze kwa pamoja kupitia vyama vyao vya ushirika.

Wizara ya Kilimo isisubiri kilio kingine. Itoe ratiba ya ununuzi sasa, kabla mkulima hajakopa mbolea ya msimu ujao.