Stelingi Hafi, Lakini Adui Ndiye Anayebeba Picha

Haya wadau, wiki hii bwenini kumezuka ubishi: nani mkali wa picha za Kihindi? Majina yaliyotajwa ni yale yale, Amitabh, Shah Rukh, Salman. Hakuna hata mmoja aliyemtaja Amrish Puri. Jamani! Mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni.

Kama jina halikukai kichwani, basi Mogambo unamjua. Yule adui wa Mr. India (1987), macho makubwa kama taa za lori, sauti nzito ya kutetemesha spika. Anil Kapoor ndiye aliyekuwa stelingi, lakini mtaani watoto walikuwa wanamuiga nani? Mogambo!

Sasa msidhani huyu mzee alizaliwa akiwa staa. Alizaliwa Punjab mwaka 1932, akaenda Bombay kutafuta nafasi kwenye filamu, wakamjaribu mbele ya kamera wakamkataa. Akaajiriwa kwenye shirika la bima ya wafanyakazi. Mchana kazi ya ofisi, jioni jukwaani kwenye tamthilia, miaka na miaka. Sinema ilikuja kumfungulia mlango akiwa anakaribia miaka 40, umri ambao wengi wetu tunaona mtu keshachelewa.

Alipoingia, akaingia kweli. Mwaka 1982 yumo kwenye Gandhi. Mwaka 1984 Steven Spielberg akamnyoa kipara, akawa kuhani Mola Ram anayechomoa moyo wa mtu kwa mkono kwenye Indiana Jones and the Temple of Doom. Mwaka 1997, kwenye Chachi 420, huyo huyo mtisha watu anachekesha: mzee tajiri anayempenda yaya, kumbe yaya ni mwanamume kavaa sari!

Tuzo ya Filmfare ya mwigizaji msaidizi aliichukua mara tatu. Kwenye Meri Jung ni wakili mwenye roho mbaya, kwenye Ghatak ni baba mgonjwa, kwenye Virasat ni mzee anayeheshimiwa kijijini. Mtu mmoja huyo.

Najua mtanijibu, "Watu wanalipa kiingilio kumwona Shah Rukh." Sawa, sikatai. Lakini chukua Dilwale Dulhania Le Jayenge (1995). Mwisho pale stesheni, treni inaondoka, Shah Rukh yuko mlangoni, Kajol analia, baba kamshika mkono hamwachii. Halafu anamwachia. Kinachokutoa machozi pale ni ule mkono unaoachia. Na unakutoa machozi kwa sababu kwa saa tatu nzima Amrish Puri amekufanya uamini kwamba baba huyu habadiliki. Angekuwa baba mlegevu tangu mwanzo, Kajol angepanda treni kama abiria mwingine yeyote, na sisi tungezima deki tukalale.

Hoja yangu ni hiyo. Stelingi hajipimi mwenyewe, anapimwa na aliyesimama mbele yake. Adui dhaifu hutoa stelingi dhaifu.

Na hili linanigusa kwa sababu nasoma ualimu, kozi ambayo hapa chuoni wapo wanaoiona ya waliokosa pengine pa kwenda. Darasani stelingi ni mwanafunzi. Siku ya matokeo jina lake ndilo linalobandikwa, la mwalimu wa hesabu wa kidato cha pili halipo. Lakini yule mwalimu mkali aliyekataa kazi mbovu, aliyeonekana adui miaka minne, mtoe uone kama picha inaisha vizuri.

Amrish Puri alifariki Januari 2005 akiwa ameacha mamia ya filamu, na kwenye nyingi hakuwa stelingi. Kwa maoni yangu hakupungukiwa kitu.

Haya, ngoja niwahi kipindi. Wewe unamkumbuka kwenye picha gani? Ila usiniambie Mogambo, hiyo nimeshaisema!