Milimita 20 za mvua ni mitungi mingapi?

Hebu niambie ukweli: umewahi kusoma ilani ya mvua mpaka mwisho? Sizungumzii ile picha ya radi na maandishi mekundu ambayo shangazi hutuma kwenye kundi la WhatsApp la familia. Nazungumzia ilani yenyewe inayotolewa na Idara ya Utabiri wa Hali ya Hewa, yenye ramani ya rangi, jedwali na maneno kama "juu ya wastani". Wengi wetu tunaangalia kama kaunti yetu imetajwa, kisha tunarudi TikTok.

Sikulaumu. Ilani nyingi zimeandikwa na mtaalamu akimwandikia mtaalamu mwenzake. Lakini mvua ikishanyesha haiulizi nani alielewa jedwali na nani hakuelewa. Kati ya Machi na Mei 2024 mafuriko yaliua zaidi ya watu 200 nchini. Shule zilizokuwa zifunguliwe mwishoni mwa Aprili zikabaki zimefungwa hadi katikati ya Mei. Na hiyo ilikuwa miezi michache tu baada ya mafuriko ya vuli ya 2023, yaliyoua zaidi ya watu 100 na kuathiri kaunti kame ambazo zilikuwa zimetoka kwenye ukame wa misimu mitano mfululizo.

Kuna mambo mengi ya kulaumu hapo: mitaro iliyoziba, nyumba zilizojengwa kando ya mito, pesa za dharura ambazo hazikufika. Mimi leo nataka tuangalie jambo moja ambalo huwa halitajwi, nalo ni namna sayansi ya mvua inavyoandikwa. Wewe unayeposti, unayeandika vichwa vya video, unayemsomea nyanya yako ujumbe uliotoka kwa chifu, umo ndani ya kazi hii utake usitake.

Tuanze na neno El Niño. Ni Kihispania, maana yake mtoto wa kiume, na wavuvi wa Peru ndio waliolitumia kwa maji ya bahari yaliyopata joto isivyo kawaida karibu na Krismasi. Ni jambo linalotokea Bahari ya Pasifiki, mbali sana na Kenya. Ila baada ya mvua ya 1997 na 1998 iliyokata barabara na kubeba madaraja, neno hilo lilibadilika maana huku kwetu. Muulize mzazi wako. Kwake El Niño ni gharika, basi. Mwanasayansi akisema "El Niño" anafikiria joto la bahari, na msikilizaji anafikiria daraja lililobebwa. Wanatumia neno moja kwa mambo mawili, na hakuna anayejua kwamba hawaelewani.

Matokeo yake tumeyaona. Mwaka 2015 El Niño ilikuwa kubwa sana kule Pasifiki, serikali ikatenga mabilioni, watu wakajitayarisha, na mvua ikaja bila kufikia ile ya 1997. Mtaani watu wakasema walidanganywa. Halafu mwaka 2019, ambapo hakukuwa na El Niño ya kutisha, mvua ya vuli ilikuwa kali mno. Maporomoko ya ardhi ya Pokot Magharibi mwezi Novemba yaliua makumi ya watu. Sababu kubwa ilikuwa karibu zaidi na sisi. Maji ya Bahari ya Hindi upande wa Afrika yalikuwa na joto kuliko yale ya upande wa Indonesia, na tofauti hiyo ilisukuma unyevu huku kwetu. Wataalamu wana jina lake, lakini jina halikusaidii sana. Kinachokusaidia ni kujua kwamba kuna bahari mbili za kuangalia, na ile iliyo karibu mara nyingi ndiyo inayoamua.

Ndipo ikaja 2023. Wataalamu walitangaza El Niño, watu wakaingiwa na hofu. Mwezi Oktoba, Rais William Ruto akasema kwamba kulingana na wataalamu hakutakuwa na El Niño ya kuharibu, bali mvua nyingi. Ukisoma kauli hiyo polepole utaona tatizo. "Mvua nyingi" ilibaki pale pale. Kilichoondolewa ni neno la kuogofya tu. Lakini mtu wa kawaida alisikia "hakuna El Niño", akatafsiri "hakuna mafuriko", akaendelea na shughuli zake. Mwezi uliofuata Mandera, Wajir, Garissa na Tana River zilikuwa chini ya maji.

Sasa tuguse "juu ya wastani", maana hapa ndipo hata waandishi wa habari huteleza. Wataalamu huchukua mvua ya msimu husika kwa miaka 30, wakaipanga kuanzia mwaka mkavu kabisa hadi mwaka uliolowa kabisa, kisha wakaigawa mafungu matatu ya miaka kumi kumi. Fungu la juu ndilo "juu ya wastani". Kama hatungejua lolote kuhusu bahari wala upepo, kila fungu lingekuwa na nafasi moja kati ya tatu, yaani karibu asilimia 33. Tuseme sasa utabiri unasema nafasi ya fungu la juu ni asilimia 50. Hiyo ni ishara nzito, mizani imeinama. Lakini nusu nyingine ya nafasi bado iko kwa yale mafungu mawili yaliyobaki. Kichwa cha habari kikiandikwa "Mvua kubwa kunyesha msimu huu", ile nusu imefutwa. Mvua isipofika, idara inaitwa waongo, na mwaka unaofuata hakuna anayesikiliza.

Cha ajabu ni kwamba vijana wa Kenya wanaelewa nafasi kuliko wanavyodhani. Wasee wanaobeti kila wikendi wanajua timu yenye nafasi kubwa inaweza kupigwa nyumbani. Ikipigwa hawasemi hesabu ilikuwa uongo. Wanasema mkeka umechomeka, wanapanga mwingine. (Sikuhimizi kubeti, pesa yako ina kazi.) Mtu huyohuyo akiambiwa nafasi ya mvua ni asilimia 60 na isinyeshe, anakasirika. Nadhani Kiswahili chenyewe kimechangia. Neno "utabiri" linatumika kwa mtaalamu wa hali ya hewa na pia kwa mganga anayekuambia utaolewa lini. Mtabiri hutegemewa kujua. Ndiyo maana ukiandika, "makadirio" wakati mwingine hufaa zaidi, na "huenda" ni neno lenye kazi yake, usilifute ili sentensi yako isikike na nguvu. Hata ile methali ya dalili ya mvua ni mawingu ilikuwa makini: ilisema dalili.

Twende kwenye vipimo. Ilani za mvua kubwa hutaja mara kwa mara zaidi ya milimita 20 ndani ya saa 24. Milimita 20 ni upana wa kidole gumba. Nani atahama nyumba kwa sababu ya kidole gumba? Ila milimita moja ya mvua ni lita moja kwa kila mita mraba. Chukua chumba cha futi kumi kwa kumi, keja ambayo wengi wetu tumeanzia maisha. Paa lake ni kama mita mraba tisa na kidogo. Milimita 20 zikinyesha juu yake ni karibu lita 186, yaani mitungi tisa ya lita 20. Ploti ya vyumba ishirini ni zaidi ya mitungi 180. Ekari moja ya lami na saruji, ambako maji hayana pa kuzama, hupokea karibu lita 80,000, sawa na malori manane ya maji ya lita 10,000 yakimwaga mtaani kwenu siku moja. Sayansi haijabadilishwa hata chembe. Tumebadilisha chombo tu, na mtungi kila mtu ameubeba.

Jaribu sasa sentensi hii, niliyoiunda kwa kuiga mtindo wa ilani: "Maeneo ya nyanda za juu mashariki mwa Bonde la Ufa yanatarajiwa kupokea mvua kubwa ya zaidi ya milimita 20 ndani ya saa 24, na wakazi wanashauriwa kuwa waangalifu dhidi ya mafuriko ya ghafla na kuhamia maeneo ya juu." Je, wewe wa Mathare umejua kwamba unaambiwa wewe? Kwa wataalamu, Nairobi iko ndani ya hizo nyanda za juu. Kwako, nyanda za juu ni kwa wakulima wa chai. Na "maeneo ya juu" ni wapi, kwa mpangaji ambaye pande zote amezungukwa na mabati?

Mimi ningeandika hivi: "Kuanzia Jumanne jioni hadi Jumatano jioni, huenda mvua kubwa ikanyesha Nairobi, Kiambu na Murang'a. Kama unaishi kando ya mto, usingoje kuona mvua mtaani kwenu. Mto Nairobi huanzia Kikuyu, kaunti ya Kiambu, kwa hivyo unaweza kujaa usiku hata kama kwenu hakujanyesha tone. Lala kwa jamaa au rafiki aliye mbali na mto, na beba kitambulisho." Ni maneno mengi zaidi, nakubali. Lakini kila sentensi ina mtu, mahali au saa ndani yake, na mtu akimaliza kusoma anajua afanye nini usiku huo.

Kuna eneo jingine ambapo uandishi mbovu huumiza, nalo ni chanzo cha mkasa. Alfajiri ya Aprili 29, 2024, maji yalifagia nyumba karibu na Mai Mahiu na kuua zaidi ya watu 40. Habari za kwanza zilisema bwawa limepasuka. Baadaye serikali ikaeleza kwamba maji yalikuwa yamekusanyika nyuma ya handaki la chini ya reli lililozibwa na takataka na magogo, hadi tuta likashindwa. Unaweza kusema tofauti ni ndogo, waliokufa wamekufa. Si ndogo. Bwawa lina mwenyewe wa kuulizwa, na lina mhandisi. Handaki lililoziba linaweza kuonekana na mwanafunzi anayepita akienda shule, akapiga picha na kuituma kwa chifu kabla mvua haijaanza. Mwandishi aliyerudia "bwawa" wiki nzima aliwafundisha wasomaji wake kutazama mahali pasipo na hatari.

Mwisho, na hili ni la kwako wewe mwenye bando: ilani haina budi kuwa na tarehe. "Mvua kubwa kesho" husambazwa kwa siku nne, na kila anayeipokea ana kesho yake. Kimbunga Hidaya kilipokaribia pwani mwanzoni mwa Mei 2024 ndivyo ninavyotaka uandike: siku, tarehe na saa, kaunti kwa majina, na chini kabisa saa ambayo taarifa ilitolewa, ili anayeisoma Jumapili ajue ni ya Ijumaa.