Makmende Hakuimba Peke Yake

Wasee wa Busia, tuachane na hii stori eti Just A Band walifeli. Vijana wanne wa KU wakatoa albamu 3 kati ya 2008 na 2012, na wewe unajua tu Makmende! Video ya Ha-He ilivuma 2010, kila mtu akacheka, akashea. Uliza nani alinunua albamu. Kimya.

Bendi ikatulia, mkasema imekufa. Mbithi Masya akatoa filamu ya Kati Kati 2016, Blinky Bill akatoa albamu yake 2018. Huko ndiko kufeli?

Na hapa kwetu, mwanafunzi wa Alupe akishika gitaa mnamuuliza kama anajua ngoma za harusi. Halafu mnataka kuingia shoo bure. Lipeni kiingilio kwanza, ndio tuongee mambo ya bendi kudumu.