Zumaridi si Emelda

Najua niliahidi kuandika habari za bumu. Bumu litachelewa tena muhula ujao, tutaliandika tu. Leo nina hasira na daftari la mahudhurio.

Niseme moja kwa moja: mwalimu hana mamlaka ya kumbadilishia mtoto jina. Hata kama jina linamchekesha, hata kama hajawahi kulisikia tangu azaliwe, hata kama anadhani anamsaidia. Nawaambia nyie hasa, walimu watarajiwa wenzangu hapa Chang'ombe, manake mwaka mmoja miwili ijayo ni sisi tutakaokuwa tumeshika hiyo kalamu.

Kisa chenyewe ni hiki. Kwenye mazoezi ya kufundisha nilipangiwa shule moja ya kata huko Kinondoni, siitaji. Kidato cha Pili kuna binti anaitwa Zumaridi. Cheti cha kuzaliwa Zumaridi, kadi ya kliniki Zumaridi, nyumbani Zumaridi. Daftari la darasa: Emelda. Nikamuuliza mwalimu wa darasa, kaka mmoja mcheshi tu, wala si mtu mbaya. Akanijibu, "Madamu, Zumaridi si jina la mtu, ni jina la jini. Nimempa Kizungu chake." Ofisi nzima ya walimu ikacheka. Binti mwenyewe ameshazoea, ukiita Emelda anaitika. Hicho ndicho kilichoniuma, kule kuitika.

Sasa twende darasani kidogo. Emelda haina undugu wowote na "emerald" ya Waingereza. Ni Imelda, jina lililotoka kwenye Kijerumani cha kale, Irmhild, na hiyo "hild" maana yake ni vita. Kwa hiyo familia ilimpa mtoto kito cha kijani, mwalimu akampokonya akampa vita. Ingekuwa mtihani ningemwekea mkasi mwekundu na kumwandikia "nione".

Na hata angeipata hiyo Emerald sawasawa, angekuwa amezunguka Dar nzima kurudi kituo alichopandia. Wagiriki wa kale waliliita lile jiwe smaragdos. Neno likasafiri pande mbili. Upande wa mashariki likafika kwa Waarabu wakalitamka zumurrud, na sisi watu wa pwani tukalilainisha likawa zumaridi. Upande wa magharibi Wafaransa wa kale wakalikatakata, likafika Uingereza limekuwa emerald, na Wahispania wakabaki na esmeralda. Ni neno moja! Tofauti ni daladala lililopanda. Yule Esmeralda maarufu wa Victor Hugo, kwenye riwaya ya mwaka 1831, jina lake linaonekana la kisomi sana mtu akilitaja kwenye semina. Mwite binti wa Mbagala Zumaridi, eti jini.

Hebu tuendelee na majina yetu wenyewe hapa hosteli, manake hakuna chumba kisicho na Magreth. Magreth ni margarites, neno la Kigiriki la lulu. Yaani Magreth na Lulu ni jina lile lile, moja limepita kanisani, jingine limepita baharini. (Najua, lulu si jiwe, inatoka kwenye chaza. Wanabaiolojia mtulie.) Jasinta je? Linatoka kwenye hyakinthos, neno la Kigiriki ambalo kwa Waarabu lilikuja kuwa yaqut, ndo yakuti yetu. Sasa mwambie mtu amwite mwanawe Yakuti uone atakavyokutazama, huku dada yake anaitwa Jasinta na amebatizwa kwa shangwe. Na almasi na "diamond" vyote viwili vinatoka kwenye adamas ya Wagiriki. Nasibu Abdul wa Tandale alijiita Diamond dunia ikamjua. Angejiita Almasi tungemuuliza kama anauza dawa za asili.

Kwa hiyo tatizo halijawa kwenye maana kamwe. Maana ni zile zile. Tatizo ni sikio letu, ambalo limefundishwa kwamba neno likipitia Ulaya limeoga, likipitia Muskati au Mombasa limekuja na vumbi.

Waliotuokoa kidogo ni watu wa filamu. Blandina Chagula tunamjua kwa jina la Johari, Elizabeth Michael tunamjua kwa jina la Lulu, wote wana majina mengine ya Kizungu lakini haya ya vito ndo yaliyoshika mdomoni. Tangu hapo Lulu na Johari hawachekwi. Zumaridi hakubahatika hivyo. Mwaka 2022 yule mhubiri wa Mwanza anayejiita Mfalme Zumaridi alikamatwa na polisi, picha zikazagaa kwenye simu zote, na kuanzia siku hiyo kila Zumaridi aliye shuleni akaanza kuitwa mfalme. Yule binti wangu wa Kidato cha Pili aliniambia darasa zima walikuwa wanasimama akiingia. Eti "mfalme kaja". Alikuwa darasa la msingi wakati huo. Na jina si la kubuni, ni la bibi yake mzaa baba, mtu wa Kilwa Kivinje, amerithishwa kama watu wa pwani wanavyorithishana.

Mnajua kinachonichekesha? Utani wenyewe una zaidi ya miaka mia kadhaa na wala hawajui. Kwenye Alfu Lela Ulela kuna hadithi ya Ali Shar na Zumurrud. Zumurrud ni kijakazi, anatoroka amevaa mavazi ya kiume, anafika kwenye mji ambao mfalme wake amekufa, wenyeji wanamchukua na kumkalisha kwenye kiti. Anakuwa mfalme. Nilimsimulia binti, akanyamaza kidogo, akauliza, "Halafu walimgundua?" Nikamwambia hapana, yeye ndiye aliyewagundua wabaya wake mmoja mmoja, walipokuja kula karamu yake. Akacheka mpaka akafunika mdomo. Kipindi kizima cha marudio sikuwahi kumwona akicheka.

Jiwe lenyewe pia si la ngano tu. Zumaridi ni berili, na ule ukijani unatokana na kromiamu au vanadiamu kidogo sana iliyoingia wakati jiwe linajijenga. Inachimbwa hapa hapa Tanzania, Mayoka karibu na Ziwa Manyara, na jirani zetu Zambia ni miongoni mwa wachimbaji wakubwa duniani. Hilo ni la kuwatupia wanaosema jina halina uhusiano na kwetu.

Rumeti wangu, msichana wa Jiografia, yeye ana dawa yake: ukitaka kito cha kizalendo mwite mtoto Tanzanite, basi. Hata timu ya taifa ya wasichana chini ya miaka 20 inaitwa Tanzanite. Sina ugomvi na timu. Ila tusidanganyane kuhusu uzalendo wa jina. Jiwe lilijulikana Mererani mwaka 1967, na mwaka 2018 Rais Magufuli akamtambua hadharani mzee Jumanne Ngoma kuwa mgunduzi wake. Lakini jina lilitolewa na duka la Tiffany la New York mwaka 1968, kwa sababu jina la kitaalamu, zoisaiti, masikioni mwa Waingereza lilikaribiana na neno lao la kujiua, na nani atanunua pete ya namna hiyo? Jina la biashara, limebuniwa Marekani, nchi yenyewe ina miaka minne tu. Zumaridi ilikuwa mdomoni mwa watu wa pwani kabla hiyo Tiffany haijafunguliwa mlango. Anayependa Tanzanite amwite, mtoto ni wake. Asiniambie tu kwamba ndilo la nyumbani kuliko Zumaridi.

Nirudi kwa wenye kalamu, manake kuna wanaosema nakuza jambo, "ni jina tu". Si jina tu. Majina ya Kidato cha Pili yanakwenda Baraza la Mitihani kwa ajili ya upimaji. Ukishasajiliwa Emelda, na cheti cha RITA kinasema Zumaridi, umeanza safari ya watu wawili. Siku anaomba mkopo, Bodi inataka cheti cha kuzaliwa kilichohakikiwa, na matokeo ni ya mtu mwingine. Hapo ndo wakili, hati ya kubadili jina, Msajili wa Hati, nauli, na pesa ya baba bodaboda. Na angalieni ubaya wake: njia rahisi kwa familia itakuwa ni kukubali kuwa Emelda kisheria. Yaani utani wa mwalimu mmoja siku ya kwanza ya muhula unafuta jina la bibi kwenye ukoo. Nilimwonyesha mwalimu yule cheti, akasema atarekebisha. Mpaka naondoka daftari lilikuwa na Emelda iliyokatwa kwa kalamu na Zumaridi pembeni, herufi ndogo. Orodha ya kwenda Baraza sikuiona.

Sasa hoja nzito, ambayo sikuipata kwa wanaocheka. Niliipata kwa rafiki yangu mmoja wa Historia hapa kwenye vimbweta, na ilininyima usingizi. Alisema, "Wewe unayatetea hayo majina, unajua walikuwa wanapewa nani?" Ninajua. Kwenye nchi za Waislamu kwa karne nyingi, na pwani yetu ikiwemo, majina ya vito na manukato na bahati njema walikuwa wakipewa watumwa. Yakuti, Johari, Lulu, Marijani, Almasi, Feruzi, Ambari, Kafuri, Mabruki. Mungwana alimwita mwanawe Muhammad au Fatuma. Aliyemnunua alimwita Johari, kwa sababu ni mali, kama unavyomwita paka jina zuri. Na Kilwa Kivinje, wote mnaosoma Historia mnajua ilikuwa bandari ya nini katika karne ya 19. Utumwa ulifutwa kisheria Zanzibar mwaka 1897 na Tanganyika mwaka 1922. Miaka hiyo si ya mbali hivyo. Ni bibi wa bibi.

Rafiki yangu anahitimisha: basi yaachwe yafe. Hapo ndo tunapogombana. Kwa sababu waliopewa majina hayo hawakukaa kimya nayo. Jawhar, mtu wa Sisilia aliyetoka utumwani, ndiye jemadari aliyeanzisha mji wa Kairo mwaka 969. Yaqut aliuzwa Baghdad akiwa mtoto wa Kigiriki, akaachwa huru, akaandika kamusi kubwa ya nchi na miji ambayo mpaka leo wanahistoria wa pwani wanaifungua, manake kisiwa cha Unguja kimo ndani yake. Alifariki mwaka 1229. Hiyo kozi ya historia ya Afrika Mashariki tunayolalamikia kila muhula, sehemu ya ushahidi wake imeandikwa na mtumwa aliyeitwa kwa jina la kito. Na huku kwetu watumwa wenyewe walipokuwa huru waliweza kujichagulia majina mengine, na wengi walifanya hivyo. Lakini wengine walibaki nayo, wakawapa watoto, watoto wakawapa wajukuu. Marijani Rajabu aliliimbia, nani leo anasikia jina Marijani akafikiria mnada? Jina lilimtoka tajiri likawa la ukoo. Ukilifuta sasa hivi hujamwadhibu tajiri, ameshakufa siku nyingi. Unayemfuta ni yule aliyelibeba.

Anasema nina hisia nyingi kuliko ushahidi. Mimi nasema yeye bibi zake wote walibatizwa, ndo maana ni rahisi kwake. Hatujamalizana. Jumamosi baada ya semina tupo vimbweta vya upande wa maktaba, anayejua majina ya ukoo wake ya zamani, yale ambayo wazee huyataja kwa sauti ya chini, aje nayo. Kahawa anaitoa yeye, mimi nimeishiwa mpaka bumu litoke.